Maputo Tisini na Tisa: Wimbo wa Kijerumani na Pacha Wake wa Kiingereza

Katika somo la tafsiri, idara yetu ina zoezi moja ambalo wanafunzi hulidhania kuwa jepesi. Tunawasikilizisha wimbo mmoja mara mbili. Mara ya kwanza unaimbwa kwa Kijerumani, lugha ambayo hawaijui. Mara ya pili unaimbwa kwa Kiingereza, lugha ambayo wameisoma tangu shule ya msingi. Mwimbaji ni yule yule, ala ni zile zile, mdundo ni ule ule. Kisha tunawauliza: ni upi uliowagusa? Wengi huutaja ule wa Kijerumani, na tukiwauliza sababu, hukaa kimya.

Makala haya yanakusudia kuifuatilia historia ya wimbo huo ili tuone kimya hicho kina maana gani kwetu sisi tunaofundisha na kujifunza Kiswahili.

Chimbuko la wimbo

Wimbo wenyewe unaitwa "99 Luftballons", yaani maputo tisini na tisa. Uliimbwa na bendi ya Nena ya Berlin Magharibi. Jina la bendi lilitokana na jina la utani la mwimbaji wake, Gabriele Susanne Kerner, aliyezaliwa mwaka 1960. Muziki ulitungwa na mpiga kinanda Uwe Fahrenkrog-Petersen, na maneno yakaandikwa na mpiga gitaa Carlo Karges.

Mwezi Juni 1982 Karges alihudhuria onyesho la Rolling Stones katika uwanja wa Waldbühne, Berlin Magharibi. Mwishoni mwa onyesho maputo mengi yaliachiliwa hewani. Karges aliyatazama yakipaa pamoja kama kundi, yakibadilika umbo kadiri upepo ulivyoyasukuma, hata yakafanana na chombo kigeni kutoka anga za mbali. Akajiuliza: je, yakivuka Ukuta na kuingia upande wa Mashariki, walinzi wa huko watadhani ni nini?

Kwa mkazi wa mji mwingine swali hilo lingekuwa mzaha tu. Kwa mkazi wa Berlin Magharibi halikuwa mzaha. Mji wake ulikuwa umezungukwa na Ukuta tangu mwaka 1961. Mwezi Desemba 1979 nchi za NATO zilikuwa zimeamua kuweka Ulaya Magharibi makombora mapya ya nyuklia, yakiwemo 108 ya aina ya Pershing II nchini Ujerumani Magharibi, endapo mazungumzo na Umoja wa Kisovieti kuhusu makombora yake ya SS-20 yasingefanikiwa. Mwezi Oktoba 1981 watu wapatao 300,000 waliandamana mjini Bonn kupinga mpango huo. Vita ikizuka, Wajerumani wa pande zote mbili ndio ambao wangekuwa nyasi chini ya miguu ya tembo wawili.

Wimbo ulitolewa mapema mwaka 1983, na mwezi Machi ukashika nafasi ya kwanza Ujerumani Magharibi. Hiyo ilikuwa enzi ya vuguvugu lililoitwa "Neue Deutsche Welle", yaani Wimbi Jipya la Kijerumani, ambapo vijana walithubutu kuimba muziki wa kisasa kwa lugha yao wenyewe. Kabla ya hapo wanamuziki wengi wa Kijerumani waliamini kwamba muziki wa roki ni mali ya Kiingereza.

Kisa kimoja, visa viwili

Habari za wimbo zilivuka bahari. Kituo cha redio cha KROQ cha Los Angeles kilianza kuucheza kwa Kijerumani, na wasikilizaji wakaupenda. Hata hivyo, kampuni ya santuri ilitaka toleo la Kiingereza, na kazi hiyo akapewa Kevin McAlea. Toleo lake, "99 Red Balloons", lilitoka mwaka 1984.

Tuanze na jina. Neno "red", yaani jekundu, halimo katika Kijerumani. Lilitoka wapi? Anayejua kuhesabu mizani atapata jibu mara moja. "Neunundneunzig Luftballons" lina mizani saba. Kwa Kiingereza, "ninety-nine balloons" lina mizani tano tu, na muziki haungojei. McAlea aliongeza neno moja akapata sita, na sauti ya mwimbaji ikaivutavuta iliyobaki. Basi rangi iliingia kwa sababu ya mizani, lakini ikishaingia huleta na maana zake. Katika miaka ile ya Vita Baridi, nyekundu ilikuwa rangi ya Wasovieti, na pia rangi ya hatari. Puto la mtoto likavishwa sare.

Mwanzo wa kisa nao ni tofauti. Katika Kijerumani msimulizi anamwomba msikilizaji amgawie muda kidogo ili amsimulie habari ya maputo. Sisi tuliolelewa na "Paukwa!" na "Pakawa!" tunaitambua mbinu hiyo mara moja: ni fanani anayeita hadhira yake. Katika Kiingereza fanani hayupo. Badala yake tunawakuta watu wawili dukani, wananunua mfuko wa maputo na kuyaachilia alfajiri. Kijerumani hakisemi maputo yametoka kwa nani. Kiingereza kinatupa mwenye mali.

Lakini tofauti iliyo nzito zaidi inahusu lawama. Katika Kijerumani, jenerali mmoja anayaona maputo, anadhani ni vyombo kutoka anga za mbali, na anatuma ndege za kivita. Marubani wanajiona mashujaa na kuanza kufyatua. Majirani wa ng'ambo hawaelewi fataki zile ni za nini, wanajihisi wamechokozwa. Mawaziri wa vita wananusa faida na kutaka madaraka. Kila hatua ina mtu wake, na kila mtu ana kosa lake: huyu woga, huyu majivuno, huyu tamaa. Katika Kiingereza cheche ya kwanza inatoka kwenye kompyuta. Ni kasoro ya programu inayopiga kengele, na mtambo wa vita unaamka kama mnyama. Majirani wametoweka. Rais, ambaye hakuwepo katika Kijerumani, yuko kwenye simu. Marubani wamebaki, na Kapteni Kirk wa filamu za "Star Trek" amebaki nao katika matoleo yote mawili.

Mwisho pia umebadilika. Kijerumani kinahesabu miaka 99 ya vita ambayo haikumwachia nafasi mshindi yeyote. Kiingereza kinahesabu ndoto 99. Ndoto mtu huamka, miaka haina kuamka. Kisha nyimbo zote mbili zinakutana tena: mtu mmoja katikati ya magofu, puto moja mkononi, na mpendwa anayekumbukwa puto linapoachiliwa.

Je, tumlaumu mfasiri? Tusiharakishe. McAlea hakuandika maneno ya kusomwa kitabuni, aliandika maneno ya kuimbwa juu ya muziki uliokwisha kurekodiwa. Aliyewahi kufasiri shairi la vina anajua kwamba huwezi kuokoa kila kitu. Unachagua cha kuokoa. Bendi yenyewe haikuridhika, na mwaka 1984 wanamuziki wake walisema hadharani kwamba wimbo ulipoteza kitu katika tafsiri.

Mwaka wenyewe ulivyojibu

Kabla toleo la Kiingereza halijatoka, ulimwengu uliupitia wimbo huo karibu neno kwa neno. Tarehe 1 Septemba 1983, ndege ya kivita ya Kisovieti iliitungua ndege ya abiria ya Korea Kusini iliyokuwa imepotea njia. Watu wote 269 waliokuwamo walikufa. Wiki chache baadaye, tarehe 26 Septemba, mitambo ya tahadhari ya Kisovieti ilitangaza kwamba Marekani imerusha kombora, kisha mengine manne. Afisa wa zamu, Luteni Kanali Stanislav Petrov, alitafakari kwamba hakuna anayeanza vita kuu kwa makombora matano. Akatoa taarifa kwa wakubwa wake kwamba mitambo imekosea. Baadaye ilibainika kuwa setilaiti zilidanganywa na mwanga wa jua juu ya mawingu.

Tukiziweka nyimbo mbili mbele ya tukio hilo, tunaona kwamba kila moja ilishika upande mmoja wa ukweli. Kiingereza kilikuwa sahihi kwamba mashine inaweza kudanganya. Kijerumani kilikuwa sahihi kwamba jambo la kuamua ni tabia ya mtu anayepokea habari. Ambalo hakuna wimbo uliolifikiria ni Petrov mwenyewe: mtu wa zamu aliyeketi akafikiri.

Makombora ya Pershing II yalianza kuwekwa mwishoni mwa mwaka huo huo. Yaliondolewa kwa mkataba uliotiwa saini tarehe 8 Desemba 1987, na mkataba huo nao ukakoma mwaka 2019. Na asidhani mtu kwamba maputo yameisha. Mwezi Februari 2023 Marekani ililitungua puto kubwa la China, kisha ikavitungua vyombo vingine vitatu katika siku tatu. Rais Joe Biden alieleza baadaye kwamba vyombo hivyo vitatu huenda vilikuwa maputo ya kampuni binafsi, ya burudani au ya utafiti.

Lugha isiyoeleweka iliyosikika

Sasa turudi kwenye kimya cha wanafunzi wetu. Mwezi Machi 1984 toleo la Kiingereza lilishika nafasi ya kwanza Uingereza kwa wiki tatu. Lakini Marekani, nchi iliyolengwa zaidi na tafsiri hiyo, wanunuzi walilichagua toleo la Kijerumani. Lilifika nafasi ya pili, likizuiwa na wimbo wa "Jump" wa bendi ya Van Halen. Mamilioni ya watu waliimba pamoja na redio maneno wasiyoyaelewa. Lugha ambayo wengi wao walikuwa wameisikia tu katika sinema za vita, ikitoa amri na kufoka, sasa waliisikia kwa sauti ya msichana anayesimulia habari ya maputo.

Sisi wa Uganda tuna sababu ya kulitafakari hilo. Kiswahili kilitufikia kwa njia nyingi, zikiwemo biashara na dini, lakini kwa wengi wa wazazi wetu kilikuwa lugha ya jeshi: kwanza katika kikosi cha King's African Rifles, baadaye katika vizuizi vya barabarani wakati wa utawala wa Idi Amin. Amin ndiye aliyekitangaza kuwa lugha ya taifa mwaka 1973. Mtu aliyejifunza lugha kwa kuamriwa ashuke garini hawezi kuipenda kwa kuambiwa kwamba ni rasmi. Katiba ilirekebishwa mwaka 2005 kukifanya Kiswahili lugha rasmi ya pili, na mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima shuleni. Tunazishukuru hatua hizo. Hata hivyo, sheria hufungua mlango tu; anayemwingiza mgeni sebuleni ni hadithi nzuri, shairi zuri, wimbo mzuri.

Na Kiswahili kimewahi kufanya safari hiyo. Mwaka 1982 bendi ya Them Mushrooms ya Mombasa ilitoa "Jambo Bwana", na mwaka 1983, mwaka ule ule wa maputo, kundi la Boney M lililoendeshwa na mtayarishaji Frank Farian wa Ujerumani Magharibi likatoa toleo lake. Sehemu kubwa iliimbwa kwa Kiingereza, lakini salamu na "hakuna matata" ziliachwa katika Kiswahili. Farian alielewa kwamba ukiyatoa maneno hayo, wimbo umeutoa moyo wake.

Kwa hiyo tunapowaona vijana wetu wakidhani kwamba lazima waandike kwa Kiingereza ndipo wasikike, tunawaambia wakumbuke bendi ya Nena. Tafsiri ni kazi ya heshima, na sisi tunaishi kwa kazi hiyo. Lakini tafsiri ni ya kumwongoza msomaji kwenye matini chanzi, si ya kumwondolea mwandishi haki ya kusema kwanza kwa lugha yake.

Tumalizie kwa zoezi. "Maputo tisini na tisa" lina mizani tisa, mbili zaidi ya muziki unavyotaka. Mwanafunzi mmoja alipendekeza inkisari ya washairi: "puto tisini na tisa". Tulihesabu kwa vidole pamoja naye, tukapata mizani nane, yaani kipande kamili cha shairi la mizani kumi na sita. Haliingii katika muziki wa Berlin, lakini linaingia moja kwa moja katika shairi letu. Carlo Karges alifariki mwaka 2002, miaka kumi na miwili na ushei baada ya Ukuta kuanguka tarehe 9 Novemba 1989. Tunawaalika wasomaji wa jarida hili waanzie kwenye kipande hicho, si kufasiri maneno yake, bali kutunga yao. Beti zitakazotufikia kabla ya muhula kwisha tutazisoma darasani.