Saudi Arabia: Leseni ya duka mpangaji anapogombana na mwenye jengo

Mwenye duka mjini Riyadh au Jeddah huhitaji hati tatu ambazo wageni wengi huzichanganya: usajili wa Wizara ya Biashara, leseni ya manispaa, yaani rukhsa ya baladia, na mkataba wa pango. Usajili humhusu mfanyabiashara mwenyewe. Leseni ya manispaa imefungamana na mahali alipo, na ndiyo maana mkataba ukiingia mashakani leseni nayo hutikisika.

Hapo ndipo penye nguvu ya mwenye jengo. Asiyetaka kungoja hukumu huweza kukataa tu kutia saini mkataba mpya. Leseni ikiisha muda, mpangaji hubaki na bidhaa zake ndani ya duka asiloruhusiwa kulifungua.

Mwaka 2017 Baraza la Mawaziri liliamua kwamba mkataba usiosajiliwa katika mfumo wa serikali uitwao Ejar hautambuliwi na mahakama wala na ofisi za serikali. Uamuzi huo una makali pande zote mbili. Mpangaji hupata ushahidi usiokanika, lakini mwenye jengo anayedai kodi naye huweza kwenda moja kwa moja katika mahakama ya utekelezaji bila kufungua kesi upya. Anayezuia kodi ili kumshinikiza mwenye jengo hujidhuru mwenyewe.

Riyadh si Jeddah

Tarehe 25 Septemba 2025 serikali ilitangaza kanuni mpya baada ya kodi za Riyadh kupanda mno. Ndani ya mipaka ya mji huo, kodi za nyumba na za maduka zilizuiwa kupandishwa kwa miaka mitano. Mwenye jengo hawezi kukataa kuendeleza mkataba ikiwa mpangaji anataka kubaki, isipokuwa kwa sababu chache, mathalani kodi isiyolipwa au ubovu wa jengo unaohatarisha usalama. Anayevunja kanuni huweza kutozwa faini inayofikia kodi ya miezi 12.

Lenye manufaa zaidi, kwa maoni yangu, halikuvuma sana: mpangaji naye anaruhusiwa kuomba mkataba usajiliwe, na upande wa pili una siku 60 za kupinga. Ukinyamaza, mkataba huhesabiwa kuwa sahihi.

Katika miji mingine, Jeddah ikiwamo, kanuni hizo zilileta jambo dogo zaidi: mkataba hujiendeleza wenyewe, ila upande mmoja ukitoa taarifa siku 60 kabla haujaisha. Aliyetoa taarifa kwa wakati halazimiki kueleza sababu. Nchini Kenya, sheria ya mwaka 1965 juu ya wapangaji wa maduka humtaka mwenye jengo ataje sababu, na mpangaji huweza kumpinga mbele ya baraza maalumu.

Jina la nani?

Yote hayo humfaa yule ambaye jina lake limo katika mkataba. Mwafrika Mashariki anayeendesha duka kwa jina la Msaudi, bila usajili wa uwekezaji, si mpangaji mbele ya sheria. Akidai haki yake atakuwa amejishitaki mwenyewe kwa kosa la tasattur, yaani kuficha mwenye biashara halisi. Sheria ya mwaka 2020 imeweka adhabu ya kifungo hadi miaka mitano na faini hadi riyali milioni 5, na mgeni hufukuzwa nchini. Muda uliotolewa wa kurekebisha hali hiyo bila adhabu ulikwisha tarehe 16 Februari 2022.