Mawe ya Engaruka na Zamu ya Maji

Kwa miaka mingi nilifundisha habari za Engaruka bila kufika Engaruka. Nilikuwa na nukuu zangu za chuo cha ualimu, nilizoziandika kwa wino wa buluu katika daftari lenye jalada gumu, na kila mwaka tulipofika kwenye mada ya Zama za Chuma nilizinakili ubaoni kama zilivyo: kwamba chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, kaskazini ya Ziwa Manyara, waliishi watu hodari waliojenga kwa mawe na kumwagilia mashamba yao kwa mifereji, kisha wakatoweka. Wanafunzi walinakili, nami nikapangusa ubao, tukaendelea na mada nyingine.

Shule hiyo ilikuwa katika tarafa ya Sale, wilayani Ngorongoro, miongoni mwa Batemi ambao wengi walio nje ya wilaya huwaita Wasonjo. Nilipangiwa huko katika miaka ya 1970 nikiwa kijana mgeni, mwenye sanduku la bati na imani kubwa juu ya kazi yangu. Sikujua kwamba ningezeekea huko. Wala sikujua kwamba ingenichukua karibu miaka 50 kuteremka bondeni kwenda kuyaona mawe niliyoyasema kila mwaka.

Safari yenyewe haikuwa wazo langu. Mwaka jana, baada ya mavuno, baadhi ya wanafunzi wangu wa zamani, ambao sasa ni wazee wenye wajukuu, walichanga fedha, wakakodi magari mawili na kunijia nyumbani. "Mwalimu," wakaniambia, "ulituahidi darasani kwamba siku moja utatupeleka Engaruka. Hukutupeleka. Basi sasa sisi tunakupeleka wewe." Nilicheka, lakini niliona aibu kidogo, kwani ahadi hiyo nilikuwa nimeisahau kabisa.

Tuliondoka alfajiri. Kutoka uwanda wa Sale barabara huteremka kwa kona kali hadi Ngaresero, karibu na Ziwa Natron, kisha hupita chini ya Oldoinyo Lengai, mlima ambao ulilipuka mara ya mwisho kwa kishindo kikubwa mwaka 2007 hadi 2008. Wasomaji wengi watakuwa wamewahi kupita njia hiyo bila kuijua jina. Mwaka 2011, maelfu kwa maelfu ya watu walipokuwa wakienda Samunge kunywa kikombe cha Mchungaji Ambilikile Masapila, magari mengi yaliyotoka Mto wa Mbu yalipitia hapo hapo Engaruka. Watu walilala barabarani siku kadhaa wakisubiri foleni isogee, na mji wa kale ulikuwa kando yao. Siwalaumu. Mgonjwa hasimami kutazama mawe. Lakini mimi sikuwa mgonjwa katika miaka yangu yote ya kupita pale kwenda Arusha kufuata mishahara, na sikusimama.

Kijana wa Kimaasai aliyetuongoza alitupokea kwa adabu. "Shikamooni, wazee wangu." Tukaitikia marahaba. Alikuwa na fimbo yake na maelezo ya muda wa saa moja na nusu, yaliyopangwa vizuri kama somo la mwalimu wa mazoezi siku anapokaguliwa. Naandika hivyo kwa heshima. Mimi mwenyewe nimekagua masomo mengi, na lile lilikuwa zuri.

Alituonyesha vijiji 7 vilivyojipanga kwenye mteremko chini ya ukuta wa bonde, kila kimoja kikiwa na vibaraza vya mawe vilivyosawazishwa ili nyumba za miti na nyasi zisimame juu yake. Nyumba zenyewe zimeoza zamani, vibaraza vimebaki. Chini ya vijiji, hadi uwandani, yametandazwa mashamba yaliyogawanywa kwa mistari ya mawe, ya ukubwa wa kilomita za mraba zipatazo 20, pamoja na mifereji iliyochukua maji kutoka vijito vinavyoshuka kwenye nyanda za juu. Hakuna saruji wala udongo wa kushikamanisha: jiwe limewekwa juu ya jiwe likakaa. Walilima mtama, wakafuga ng'ombe na mbuzi.

Mzungu wa kwanza kuandika habari za mahali hapo alikuwa Gustav Fischer, Mjerumani, mwaka 1883. Mwaka 1935 alifika Louis Leakey, akahesabu vibaraza na kukadiria kwamba waliishi hapo watu zaidi ya 30,000. Tangu hapo dunia ikaanza kusikia habari za "mji uliopotea". Wataalamu waliofuata, kama Hamo Sassoon katika miaka ya 1960 na John Sutton baada yake, wamepunguza sana hesabu hiyo. Wanasema watu elfu kadhaa, nao hawakuwa watu wa mji wa masoko na majumba. Walikuwa wakulima. Vipimo vya umri vinaonyesha kwamba waliishi hapo tangu karibu karne ya 15 hadi karne ya 18.

Kisha tukafika kwenye malundo ya mawe. Yapo mengi, yametapakaa mashambani. Kijana wetu akaeleza kwamba zamani yalidhaniwa kuwa makaburi, na baadhi ya wageni bado hupenda kuamini hivyo na kuyapiga picha kwa huzuni. Lakini yalipochimbuliwa hayakuonekana kuwa makaburi. Ni mawe tu, yaliyookotwa shambani na kurundikwa pembeni ili jembe lipite.

Hapo ndipo nilipotaka kukaa chini. Katika nukuu zangu niliandika watu "waliotoweka", na kwa miaka yote hiyo niliwafundisha watoto kuwatazama watu wa Engaruka kama wafu. Kumbe tulichodhani ni kaburi kilikuwa kazi ya asubuhi moja ya mtu fulani, pengine na watoto wake wakimsaidia kubeba mawe madogo madogo.

Wakati mimi nikifikiri hayo, mmoja wa wanafunzi wangu wa zamani alikuwa amechutama kwenye mfereji uliokauka. Aliutazama kwa muda, akasogea hatua kumi chini, akachutama tena. Kisha akaonyesha kwa fimbo yake. "Hapa maji yaligawanywa," akasema. "Hili jiwe liliwekwa la kuziba. Ukiliondoa, yanakwenda kule. Huyu wa kule alikuwa na shamba la juu kidogo, ndiyo maana wamepandisha ukingo." Kijana wetu alimsogelea, akamwuliza amejuaje. "Nyumbani ndivyo tunavyofanya," akajibu.

Yafaa nieleze kwa wasioijua Sale. Batemi humwagilia mashamba yao kwa maji ya chemchemi na vijito, na maji hayo hugawanywa kwa zamu chini ya baraza la wazee waitwao wenamiji. Zamu ina saa zake, na zamu ya usiku ni zamu kama ya mchana. Ukichelewa kufungua, maji yanapita. Ukifungua isivyo zamu yako, utaitwa mbele ya wazee na kutozwa faini. Aidha, vijiji vyao tangu kale vimejengwa kwa kusongamana pamoja. Nakumbuka mwaka 1974, taifa zima lilipokuwa likihamia vijiji vya ujamaa, sisi walimu tulitumwa kuwahubiria wananchi faida za kuishi pamoja na kugawana rasilimali. Tuliwahubiria Batemi. Walitusikiliza kwa subira kubwa.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya niandike. Mwaka 1976, mtoto mmoja wa darasa la tano alifika shuleni kipindi cha pili kikiwa kimeanza, miguu ikiwa na matope hadi magotini. Nikamwuliza alikuwa wapi. Akasema, "Zamu ya maji, Mwalimu. Yalitufikia usiku wa manane." Baba yake alikuwa mgonjwa, na yeye ndiye aliyeshika jembe mpaka kulipopambazuka. Nikamwambia kwamba shule haisubiri maji, nikampiga viboko 4. Muhula uleule, katika darasa la juu yake, nilisimama ubaoni nikaandika kwa mwandiko mzuri: "Watu wa Engaruka walikuwa na ujuzi mkubwa wa kumwagilia mashamba."

Mtoto yule ndiye mzee aliyekuwa amechutama kwenye mfereji.

Sikuwa katili kuliko walimu wenzangu. Ukweli huo haunisaidii sana. Tulikuwa tumefundishwa kwamba maarifa yanatoka chuoni kwenda kijijini, na hata tulipofundishwa kujivunia Afrika ya kale, tulijivunia ile iliyokuwa mbali na imekwisha kufa. Waswahili husema, usiache mbachao kwa msala upitao. Mimi niliusifu mbacha wa waliokufa, nikaukanyaga wa walio hai.

Wenzangu garini walitaka nitamke kama mwalimu wa historia: je, watu wa Engaruka ni Batemi? Nilitamani kusema ndiyo. Ingekuwa zawadi nzuri kwa wazee waliochanga nauli yangu. Na wapo wataalamu waliodhani kwamba baadhi ya watu wa Engaruka ni miongoni mwa mababu wa Batemi, kwa sababu ya mifereji na namna ya kujenga vijiji. Lakini kufanana kwa mifereji si hati ya ukoo. Kitemi ni lugha ya Kibantu iliyo jirani na Kikuyu na Kikamba, na haijulikani watu wa Engaruka walisema lugha gani. Wachaga wana mifereji, Wamarakwet wa Kenya wana mifereji, na wala hawadaiani undugu kwa sababu hiyo. Tena sababu ya watu wa Engaruka kuhama ina majibu mengi: maji kupungua, udongo kuchoka, wafugaji wapya kuingia uwandani, pengine yote kwa pamoja. Nikawaambia wenzangu hivyo. Walinyamaza kidogo, kisha yule mzee akasema, "Si lazima wawe babu zetu. Kazi ni ile ile."

Jibu lake lilinikumbusha jambo nililosoma kuhusu China. Katika jimbo la Sichuan kuna mfumo wa mifereji uitwao Dujiangyan, ulioanza kujengwa karibu mwaka 256 kabla ya Kristo chini ya gavana aitwaye Li Bing. Hadi leo unamwagilia mashamba, na mwaka 2000 UNESCO iliuweka katika orodha ya urithi wa dunia. Watalii humiminika kuutazama, wakiongozwa kwa makundi kama tulivyoongozwa sisi. Hakuna anayeuliza wenyewe walipotelea wapi, kwani kila kizazi kimeendelea kuusafisha na kuutengeneza. Tofauti ya Dujiangyan na Engaruka si ubora wa mawe wala akili ya wajenzi. Kule kila mara amepatikana mtu wa kwenda kuzibua mfereji kesho yake.

Na Sale je? Wana wa yule mzee wako Arusha. Zamu ya usiku humfika akiwa peke yake, na mara nyingine humlipa kijana wa jirani amsaidie. Vijana wengi huona kazi hiyo ni ya kizamani, na baadhi yao walijifunza kuiona hivyo darasani kwangu. Nilipokuwa nimesimama pale Engaruka nilijiuliza ni nani aliyekuwa wa mwisho kufungua maji, na kama alijua kwamba ni wa mwisho. Nadhani hakujua. Nadhani alikwenda kulala akitarajia zamu nyingine.

Wakati wa kurudi nilikaa karibu na mwanafunzi wangu. Gari lilipokuwa likipanda ukuta wa bonde nikamwambia habari ya viboko vile 4, nikamwomba radhi. Alinitazama kwa mshangao.

"Fimbo zilikuwa nyingi, Mwalimu," akasema. "Nitaikumbuka ipi?"

Garini wote wakacheka, nami nikacheka, ingawa jibu hilo lilinichoma kuliko kama angenikumbusha. Baada ya kitambo nikamwuliza: na maji ya usiku ule, je, shamba lilipata?

"Kama ilikuwa zamu yetu, lilipata."

Wiki mbili baadaye zamu yake ilikuwa ya usiku. Niliomba ruhusa, nikaenda na tochi na koti. Tulikaa kwenye ukingo tangu saa nne, tukizungumza habari za wajukuu. Ilipofika saa saba alinyamaza, akainua mkono nami ninyamaze, kwa kuwa maji yalikuwa yameanza kusikika kwenye majani makavu huko juu. Akashuka, akaondoa jiwe. Nikamshikia tochi mpaka alipomaliza mistari yote, na kulikuwa kumepambazuka.