Dai la Jumla na Dai la Uongo: Lugha ya Malalamiko ya Ndoa katika Mahakama za India

Mwaka 1983 Bunge la India liliongeza Kifungu cha 498A katika Kanuni ya Adhabu ya mwaka 1860, kanuni ile ile iliyotumika Tanganyika, Kenya na Uganda hadi mwaka 1930. Kifungu hicho kiliufanya ukatili wa mume au ndugu zake dhidi ya mke kuwa kosa la jinai, lenye kifungo cha hadi miaka 3 na faini. Polisi waliweza kukamata bila hati, na dhamana haikuwa haki ya mshtakiwa. Ukali huo ulikuwa na sababu: wake vijana walikuwa wakifa, wengine kwa kuchomwa moto, kwa ajili ya mali iliyodaiwa kwa wazazi wao. (Mali hiyo huitwa mahari katika tafsiri nyingi za Kiswahili, jambo linalopotosha, kwani mahari yetu hutoka upande wa mume.)

Maneno “ndugu wa mume” ndiyo yaliyozaa mgogoro. Malalamiko yalianza kuorodhesha nyumba nzima: wakwe, mashemeji, hata mawifi walioolewa mbali. Washtakiwa walikimbilia Kifungu cha 482 cha Kanuni ya Mwenendo wa Jinai ya mwaka 1973, kilichohifadhi mamlaka ya asili ya Mahakama Kuu kuzuia matumizi mabaya ya mwenendo wa mahakama. Katika mashauri ya Preeti Gupta (2010), Geeta Mehrotra (2012) na Kahkashan Kausar (2022), Mahakama ya Juu iliwakinga ndugu waliotajwa kwa ujumla tu, pasipo tendo mahususi.

Kipimo hicho ni cha lugha kabla ya kuwa cha ushahidi. Katika hatua hiyo mahakama haisikilizi mashahidi. Husoma lalamiko na kuuliza nani alitenda nini, lini. Mtafiti wa Kiswahili ataona mara moja ugumu wake. Katika “walinitesa”, kiambishi wa- chaweza kubeba watu wawili au kumi bila kumtaja hata mmoja. “Hunipiga” ni zaidi: hu- ya mazoea haina mtenda wala siku. Lakini mateso ya nyumbani aghalabu ni mazoea, na aliyeyapitia miaka 6 hukumbuka desturi kuliko tarehe. Tena lalamiko hupita mikononi mwa wakili au askari anayeliandika upya. Kwa hiyo dai la jumla si lazima liwe dai la uongo, ingawa hukumu kadhaa zimeelekea kuyachanganya mawili hayo.

Historia ya miaka iliyofuata inaonyesha mahakama yenyewe ikisitasita. Mwaka 2014, katika shauri la Arnesh Kumar, polisi walikatazwa kukamata kwa mazoea. Walitakiwa kuandika sababu za kila ukamataji. Amri hiyo ilikuwa ya busara, maana ilimdhibiti askari bila kumfungia mke mlango. Ile ya mwaka 2017, katika shauri la Rajesh Sharma, ilivuka mpaka: kila lalamiko lilipaswa kupitia kamati ya ustawi wa familia ya wilaya kabla ya mtu kukamatwa. Mwaka 2018 jopo la majaji 3 liliziondoa kamati hizo kwa kuwa hazikuwa na msingi katika sheria.

Desemba 2024, katika shauri la Dara Lakshmi Narayana, Mahakama ya Juu ilifuta mashtaka dhidi ya mume na jamaa zake, ikionya pia kwamba haikuwa ikimtaka mwanamke aliyetendewa ukatili anyamaze. Kufuta huko si kumwona mtu hana hatia; ni kusema kwamba shauri halikustahili kuanza. Magazeti yetu huandika “kutupilia mbali” kwa yote mawili, na “lisilo na msingi” hutumika kwa lalamiko la kipuuzi, la hila na lile lililoandikwa vibaya tu. Tanzania ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama mwaka 2021. Hapo karani anayeandika “walinitesa” bila kumuuliza mlalamikaji “akina nani, na siku gani?” huwa ameamua sehemu ya shauri kabla ya hakimu kulisoma.