Mtayarishaji wa Televisheni na Lugha ya Machimbo: Shinyanga na Geita

Televisheni ilichelewa kufika Tanzania Bara. Zanzibar ilikwisha kuwa na kituo chake tangu miaka ya 1970, ilhali Bara ilingoja hadi 1994, baada ya Sheria ya Huduma za Utangazaji ya 1993. Star TV ilipoanza kurusha matangazo kutoka Mwanza, Kanda ya Ziwa ilipata kituo kilicho jirani na machimbo yake, katika kipindi ambacho migodi mikubwa ya Geita (2000) na Bulyanhulu (2001) ilifunguliwa.

Meneja wa uzalishaji hupanga bajeti, magari, mafundi na vibali. Mtayarishaji huamua nani asikike, na kwa maneno gani. Uamuzi huo ni wa lugha pia. Mchimbaji mdogo huliita shimo la dhahabu "duara" na mashine ya kusagia mawe "karasha". Mzee wa kijiji hueleza mipaka ya shamba lake kwa Kisukuma. Ofisa wa mgodi huja na Kiswahili cha taarifa rasmi. Sauti za wawili wa kwanza zikikatwa kwa kuwa si "sanifu", mgogoro wa ardhi hubaki na msemaji mmoja.

Kwa hiyo, historia ya televisheni katika ukanda huu haiandikwi kwa kuhesabu minara na watangazaji peke yao. Jina la mtayarishaji hupita upesi mwishoni mwa kipindi. Hata hivyo, kanda anazozihifadhi, na zile anazozifuta ili zirekodiwe upya, ndizo zinazoamua machimbo yatakumbukwa kwa sauti ya nani.