Bunduki na Chogo: Televisheni na Michezo ya Kulenga Shabaha Magomeni

Katika vibanda vya gemu vya Magomeni, kama ilivyo katika mitaa mingine ya Dar es Salaam, mpira wa miguu umetawala na pedi ndiyo chombo cha mkononi. Bunduki haionekani. Ni rahisi kudhani kuwa vijana hawakuipenda. Insha hii inadai kwamba sababu imo ndani ya televisheni yenyewe.

Vituo vya kwanza vya televisheni Tanzania Bara vilianza kurusha matangazo mwaka 1994, ilhali Zanzibar ilikuwa na chake tangu miaka ya 1970. Seti zilizoingia sebuleni wakati huo zilikuwa za chogo. Mashine za kaseti zilizoiga Famicom ya Nintendo nazo ziliuzwa mara nyingi pamoja na bunduki ya plastiki, ambayo kwa kweli haikurusha chochote, ilipokea. Katika Duck Hunt, mchezo wa mwaka 1984, mchezaji akifyatua, kioo huwa cheusi kufumba na kufumbua, kisha mraba mweupe hutokea pale alipo bata. Jicho la bunduki likiuona mwanga huo kwa wakati wake, bata ameanguka. Televisheni bapa huichelewesha picha, na bunduki hubaki kipofu.

Kuzimwa kwa mitambo ya analojia, kulikoanzia Dar es Salaam tarehe 31 Desemba 2012, kusilaumiwe kwa hili: king'amuzi kiliiwezesha seti ya chogo kuendelea kutumika. Kilichoiua bunduki ni kuondoka kwa chogo lenyewe.

Hasara hiyo ni nzito zaidi katika michezo ambayo mchezaji hupelekwa kama abiria wa treni, kazi yake ikiwa kulenga tu. Sega iliikwepa kwa njia mbili. The House of the Dead: Overkill ya mwaka 2009, yenye mazombi, mzaha wa damu na matusi yaliyoufikisha kwenye rekodi za Guinness, ilitumia rimoti ya Wii, ambayo kamera yake hufuata taa za infraredi zilizowekwa kando ya kioo. Kabla yake, The Typing of the Dead ya mwaka 1999 iliiondoa bunduki kabisa: zombi huuawa kwa kuchapa neno, na mashujaa hutembea wamefungiwa kibodi vifuani. Huo ni mzaha wa mafundi wanaokijua vyema chombo chao.

Kaseti huhifadhika sandukuni. Chogo huishia kwa wanunuzi wa vyuma chakavu. Mtafiti atakayetaka kumwangusha tena yule bata atahitaji, kabla ya kaseti na bunduki, seti ya chogo ambayo bado inawaka.