Ramli: nukta za mchangani na jirani anayetajwa

Huku Nsemulwa, Mpanda, ukisema "ramli" mtu anawaza mganga, kioo, na jirani aliyetajwa jina. Ila neno lenyewe ni la Kiarabu: raml, yaani mchanga. Asili yake ramli ni hesabu ya nukta zilizochorwa mchangani.

Hebu jaribu. Chora mstari wa nukta haraka haraka, bila kuhesabu. Sasa hesabu: zikiwa witiri, andika nukta moja, zikiwa shufwa, andika mbili. Mistari minne ya namna hiyo ni alama moja, kwa hiyo alama zinazowezekana ni 16 tu. Unapata alama nne, unazisoma tena kwa kukata upande zizae nyingine nne, kisha unazijumlisha mbili mbili mpaka inabaki moja: hakimu.

Elimu hii ilisafiri. Karne ya 12, Hugo wa Santalla aliitafsiri kwa Kilatini huko Hispania. Karne ya 16, Mjerumani Agrippa akaiingiza kwenye kitabu chake cha elimu za siri. Mwaka 1888 kikaanzishwa London chama cha siri, Golden Dawn, alichojiunga nacho hata mshairi W. B. Yeats. Kilifundisha ramli hiyo hiyo pamoja na ibada zake. Israel Regardie alipochapisha mafunzo hayo, kati ya 1937 na 1940, wasio wanachama nao wakaanza kuyafuata, na wapo mpaka leo. Wengine wanayasoma kama historia: Chuo Kikuu cha Amsterdam kina kitengo chake tangu 1999.

Sasa angalia hesabu. Nukta za hakimu lazima ziwe shufwa, kwa sababu alama zile nne za mwanzo zimeingia mara mbili, kwa wima na kwa upande. Kwa hiyo alama 8 kati ya 16 haziwezi kuwa hakimu kamwe, uulize ndoa, uulize mwizi. Nusu ya majibu imeshafutwa kabla hujafungua mdomo.

Si mchezo. Januari 2015 Serikali yetu ilipiga marufuku wapiga ramli, kufuatia mauaji ya watu wenye ualbino. Vikongwe nao wameuawa nchini kwa kutajwa wachawi.

Kwa hiyo msomaji, isome ramli, ina historia tamu. Ila siku ukiambiwa imemtaja bibi wa nyumba ya pili, kumbuka: mchanga, kioo au kibuyu, hakuna kati ya hivyo kinachomjua bibi yule. Unayemjua ni wewe.