Makato ya Kila Mwezi Hayakuanza na Kadi Yako

Kila mwisho wa mwezi inboksi yangu inajaa skrinshoti. Ni stetimenti za kadi, mstari mmoja umechorewa duara jekundu, na swali ni lile lile: "Bro, hii ni ya nini?" Mmoja wa Kondele alikatwa 1,400 na kampuni ambayo hajawahi kusikia jina lake. Mwingine, dada anayeuza mitumba Kibuye, alijaribu programu ya kupamba picha kwa siku saba za bure, akaifuta kwa simu siku ya tatu, na bado pesa zikaenda miezi minne mfululizo. Wote wanaandika kwa sauti ya chini, kama mtu aliyeibiwa kwa matatu na hataki nyumbani wajue.

Hiyo aibu ndiyo inanisumbua kuliko pesa zenyewe. Kwa sababu ukisoma historia ya huku kwetu, utaona makato ya kujirudia ni kitu cha zamani sana, na kuna wakati watu wa Nyanza hawakuyaonea aibu hata kidogo.

Reli ilifika ziwani Desemba 1901, mahali Wazungu walipaita Port Florence, ndiyo Kisumu hii. Mwaka uliofuata upande huu ukatolewa Uganda ukaunganishwa na ile iliyokuja kuitwa Kenya. Kodi ya nyumba nayo ikaingia. Wazee waliita kodi osuru, kutoka kwa "ushuru" wa Kiswahili. Hesabu yake ilikuwa rahisi: nyumba ngapi ziko bomani? Mwenye wake watatu, kila mmoja na nyumba yake, alilipia tatu. Baadaye, kwa sheria ya 1910, hata kijana asiye na nyumba akawekewa kodi ya kichwa.

Sasa, najua mtu atakuja kwa komenti aniambie kodi na sabskripsheni ni vitu viwili tofauti. Kweli. Ukikataa kulipia muziki wa simu hakuna chifu atakuja kuchukua mbuzi wako. Lakini angalia vile mtambo unavyofanya kazi: umehesabiwa ndani bila kuulizwa vizuri, na mwaka ukigeuka unadaiwa tena. Na watu walitafuta njia zile zile za kupunguza. Sehemu nyingi za nchi wanawake walijibana kwa nyumba moja ili zihesabiwe chache. Nikiona watu wanne wa Manyatta wanatumia nywila moja ya filamu, mimi nacheka tu. Hiyo ni damu.

Halafu kuna jambo la 1920 ambalo naona linafundishwa haraka sana shuleni. Pesa yenyewe ilibadilika. Rupia ilikuwa 15 kwa pauni moja. Serikali ikaipandisha ikawa 10 kwa pauni, kisha rupia ikaondolewa ikaja florini, na florini haikukaa, ikaja shilingi. Mtu aliyekuwa na deni la rupia 1,000 alilala anadaiwa kama pauni 66, akaamka anadaiwa pauni 100. Hakukopa kitu. Walowezi wenye mikopo ya benki walilia sana, na dawa waliyoitafuta tunaijua: 1921 walikubaliana kukata mishahara ya Waafrika kwa thuluthi moja. Wakati huo huo kodi ilikuwa imepanda mpaka shilingi 16. Yaani kinachoingia kinapungua, kinachotoka kinaongezeka, na hakuna karatasi uliyotia sahihi.

Toa hapo uje 2024. Huduma ya dola 10 kwa mwezi ilikuwa kama 1,600 Januari mwaka huo, dola ilipofika 160. Kufika mwisho wa Machi ilikuwa kama 1,300. Miaka mitano nyuma, karibu 1,020. Bei haikubadilika huko kwao, lakini stetimenti yako ilikuwa inacheza kama boti ya Dunga siku ya upepo. Ongeza VAT ya 16% inayotozwa huduma za kidijitali kutoka nje, na benki ikibadilisha dola kwa kiwango chake. Ndiyo maana nusu ya skrinshoti ninazotumiwa si wizi. Ni huduma mtu aliyoijua, ila jina kwa stetimenti ni la kampuni mama na kiasi hakifanani na kile alichoona siku ya kujiunga.

Sasa Lundha. Iko Gem, Siaya, na kama hujawahi kusikia habari zake usijilaumu, vitabu vyetu vinapenda Nairobi. Tarehe 23 Desemba 1921 maelfu ya watu walikusanyika pale. Waliowaita walikuwa vijana waliosoma shule za misheni kama Maseno: Jonathan Okwiri, Benjamin Owuor Gumba, Simeon Nyende. Chama kilikuwa Young Kavirondo Association, lakini watu waliita vuguvugu lile Piny Owacho, yaani nchi imesema. Walileta orodha: kodi ipunguzwe, kipande kiondolewe, kambi za kazi za lazima zifungwe, wapewe hati za ardhi, wajengewe shule.

Ninachopenda hapo ni jina. Piny Owacho. Hakuna "mimi mteja namba fulani naomba kuuliza". Na walisema wakati wa hatari: Machi 1922 Harry Thuku alikamatwa Nairobi na watu wakapigwa risasi nje ya kituo cha polisi. Hata hivyo Julai mwaka huo Gavana Northey mwenyewe alikuja Nyanza kukutana nao. Hawakupata yote. Kipande kilibaki, hati za ardhi hawakupewa. Lakini kambi zikafungwa na kodi ikashuka kutoka shilingi 16 hadi 12. Robo nzima!

Kilichofuata pia kina utamu wake. 1923 Archdeacon Owen, mmishenari, aliwashawishi viongozi chama kigeuzwe kuwa Kavirondo Taxpayers Welfare Association. Neno "walipa kodi" likaingia kwa jina, ila kazi nyingi ikawa wanachama waahidi kuua panya na kuchimba vyoo. Mimi huwakumbuka nikiona mtu amelalamikia pesa zake halafu anatumiwa "vidokezo 5 vya usalama".

Ujanja wa kuchukua kimya kama ndiyo nao una rekodi yake. Marekani, 1926, Book-of-the-Month Club ilianza kuuza vitabu kwa posta, na mtindo ukawa huu: usiporudisha kadi ya kukataa, kitabu kinakuja na bili inakuja. Karibu miaka 100 baadaye, 2023, serikali ya huko ilishtaki Amazon, ikasema njia ya kujitoa Prime ilikuwa ndefu hivi kwamba ndani ya kampuni waliiita Iliad, kama lile shairi refu la Wagiriki. Septemba 2025 Amazon ilikubali kulipa dola bilioni 2.5.

Hapa kwetu kabla ya kadi kulikuwa na kredo. Namba fupi inakutumia aya ya siku, matokeo ya mpira, ushauri wa mapenzi, na kila ujumbe unakula bob tano. Mama wa omena anaweka 20, jioni imeyeyuka. Sheria ya Kulinda Watumiaji ya 2012 inasema wazi huduma usiyoiomba haikufungi kulipa, na Kifungu cha 46 cha Katiba kinakupa haki ya kuelezwa vizuri unachonunua. Shida ni kwamba kampuni itajibu uliiomba, kwa sababu uliguza kisanduku fulani saa sita usiku.

Kwa hivyo wewe uliyekatwa: kufuta programu kwa simu hakusimamishi malipo. Ingia kwenye akaunti ile uliyojisajili, au duka la programu, ukatishe pale, na uhifadhi picha ya uthibitisho. Kama huitambui kabisa, piga benki siku hiyo hiyo, kadi ifungwe, na upinge malipo kwa maandishi maana muda wa kupinga una mwisho. Kadi ya mtandaoni ya simu ni rahisi zaidi: iweke pesa ya unachonunua tu.

Halafu nitumie ile skrinshoti, namba ya kadi ukiwa umeifunika. Nimeanza kuzipanga kwa jina la kampuni, tarehe na kiasi. Kuna jina moja tayari limerudi kwa watu kumi na mmoja, kutoka Kisumu, Homa Bay na Busia, na barua yao kwa mdhibiti itaenda ikiwa moja, na majina yote chini.